Mzazi wa Nyumba Mia Nne

Mambo yalimharibikia Sabuni siku ya Alhamisi, tarehe kumi na saba, saa nne kasorobo asubuhi, akiwa kwenye kiti cha kinyozi na povu shavuni. Mwenyewe hakujua kwamba yameharibika, alidhani yamenyooka. Mkosi haupigi hodi ukajitaja jina. Unakuja umechana nywele.

Sabuni si jina alilopewa na mama yake. Alipewa na mji, kwa sababu ukimshika anateleza, na akishapita mahali watu hubaki wasafi, hasa mifukoni. Kwa miaka kumi na mmoja alikuwa akila kwa ulimi. Aliwahi kuuza viwanja vilivyokuwa katikati ya barabara, na dawa ya kuotesha nywele aliyoitengeneza mtu mwenye upara. Lakini kulikuwa na kitu kimoja ambacho ulimi haukuweza kumpatia, nacho ni karatasi yenye muhuri. Asiye na muhuri kila mlango anaulizwa, wewe nani, umetumwa na nani. Mwenye muhuri anaweza kubeba kitanda cha mwenye nyumba, na mwenye nyumba akamshikia mlango apite vizuri. Sabuni alikuwa amewaona wakubwa wakifanya hivyo miaka nenda rudi, na wivu ulimla. Kazi ni ile ile, mbona wenzake wanaifanya kwa kupigiwa saluti?

Kwenye kiti cha pili asubuhi ile aliketi Mwenyekiti, yaani mwenyekiti wa kamati ya wazazi ya shule kubwa ya pale mjini. Kazini kwake alikuwa mkuu wa idara ya maji. Kinyozi alikuwa akimnawisha kwa kopo, maana bomba lilikuwa na miezi miwili halijatema tone, na aliyeona haya pale ni kinyozi. Mwenyekiti alikuwa analalamika. Watoto wake wawili wamefeli. Shule nzima imefeli. Kamati imekaa, imekunywa soda, imemgundua mchawi: mashine za gemu majumbani. Kila nyumba ina moja chini ya televisheni, watoto wanacheza mpaka macho yanakuwa mekundu kama nyanya, ukiizima wanaiwasha. Sasa kamati inatafuta mtaalamu wa kuzitia kufuli, nyumba karibu mia nne, naye atapewa barua ya utambulisho yenye muhuri.

Huyo ndiye bwana aliyeweza kuwafungia maji watu wa mitaa saba bila kunyanyuka kitini, lakini kufunga kichezeo sebuleni mwake kumemshinda.

Sabuni aliposikia neno muhuri, povu lilimkaukia shavuni.

"Mheshimiwa," alisema kwa sauti ya mtu aliyetoka kuswali sasa hivi, "sipendi kujisifu. Ila hizo mashine ndiyo kazi yangu."

"Umesomea?"

"Aliyesomea anajua kilichoandikwa, mheshimiwa. Mimi najua kisichoandikwa."

Mwenyekiti aliitikia kwa kichwa, kwa heshima. Wakubwa wana ugonjwa huo, wasichokielewa hukipandisha cheo. Palepale wakapatana: mchana aende akaifunge mashine ya nyumbani kwake kama jaribio, na kufuli likishika, Jumamosi kwenye mkutano wa wazazi barua itasomwa mbele ya watu.

Sabuni hakuwa amewahi kugusa mashine ya gemu. Alipita kwenye duka la simu akaomba kuonyeshwa video mbili za kufundishia, akanunua utepe wa shingoni, akaning'iniza kitambulisho alichojichapishia mwenyewe, kimeandikwa MTAALAMU. Saa nane alikuwa amepiga magoti sebuleni kwa Mwenyekiti, kati ya makochi ambayo bado yalikuwa na nailoni za dukani.

Na ukweli usemwe, kufunga mashine zile si kazi. Mashine yenyewe inakushika mkono hatua kwa hatua. Inauliza mzazi ni nani na namba yake ya simu ni ipi. Inauliza kila mtoto acheze muda gani kwa siku, michezo ya kupigana risasi iruhusiwe au la, na mtoto akitaka muda zaidi amwombe nani. Mtu yeyote anayejua kusoma angeimaliza kabla chai haijapoa. Ila ilitaka mtu akae sakafuni, karibu na watoto, na Mwenyekiti hakuwa amekaa sakafuni tangu apate gari la ofisi.

"Hapa wanamtaka mzazi," Sabuni aliuliza. "Nimwandike nani?"

"Jaza wewe," Mwenyekiti alisema, macho yakiwa kwenye simu. "Mimi huwa natia sahihi tu."

Sabuni akajaza. Jina lake, namba yake. Kuanzia dakika ile, kwa mujibu wa mashine, Mwenyekiti hakuwa na mtoto hata wa dawa. Watoto walikuwa wa Sabuni. Wakitaka muda wa ziada ombi litalia mfukoni mwake, naye atauza. Baba analipa mlango ufungwe, mtoto analipa ufunguliwe, na fundi ni yule yule.

Kulikuwa na jambo moja dogo. Mashine ilionyesha wachezaji watatu, na Mwenyekiti ana watoto wawili. Huyo wa tatu alijiita Radi, na alikuwa amecheza muda mrefu kuliko hao wawili ukiwaunganisha. Mwenyekiti alisema labda ni mtoto wa jirani, naye afungiwe. Sabuni akamkadiria miaka minane, akampa saa moja kwa siku, akaaga.

Hajafika getini, simu ikalia. *Mwanao Radi anaomba muda zaidi.* Chini yake kulikuwa na kisanduku cha mzazi kuandika neno la malezi. Sabuni alifikiri kidogo, kama mzazi, akaandika: *Malezi ni gharama. Tuma vocha kwenye namba hii.* Vocha ikaingia kabla hajavuka barabara. Akabonyeza Kubali.

Jioni ile Radi aliomba mara tatu, na Ijumaa asubuhi mara tano, wala hakubishania bei hata mara moja. Sabuni alimwambia kinyozi kwamba watu wanawasingizia watoto wa siku hizi, yeye anaye mmoja mwenye adabu ya ajabu. Alipowaza akina Radi wa nyumba mia nne, ikabidi atafute mahali pa kukaa.

Ijumaa mchana akapigiwa simu na mwanamke kutoka kwa Mwenyekiti. Kufuli linasumbua, aje, ila apitie mlango wa nyuma.

Aliyempokea alikuwa Bibi, mama yake Mwenyekiti, amekaa kwenye kiti cha plastiki mgongo umenyooka kama rula, daftari mapajani. Alikuwa karani wa mahakama kwa miaka thelathini, akiandika kila kilichosemwa na kila aliyesimamishwa kizimbani. Mwanawe alipopata cheo aliona aibu mama wa mkubwa kukaa peke yake kwenye nyumba yake, akamhamishia chumba cha uani, nyuma ya tangi la maji. Tangu siku hiyo hakuna mtu aliyemwomba ruhusa ya kitu, hata ya kuazima chumvi. Nyuma yake, kupitia mlango ulioachwa wazi, televisheni ya sebuleni ilionyesha gari jekundu limeganda katikati ya kona.

Bibi aliinuka taratibu, mkono mmoja gotini, akainamisha kichwa.

"Shikamoo, baba."

Sabuni aligeuka nyuma kutazama. Hapakuwa na mtu.

"Bibi, mimi ndiye wa kukuamkia."

"Hapana. Mashine inasema wewe ndiye mzazi wangu, na mimi nina miaka minane. Nimelelewa vizuri, siwezi kukupita bila salamu."

Sabuni alilitazama lile gari jekundu, kisha akamtazama Bibi.

"Radi ni wewe?"

"Ni mimi. Na leo umenifungia kwenye kona ya mwisho, ninaongoza. Kaa, baba."

Akafungua daftari. Mambo yote yalikuwamo: siku, saa na dakika, maneno ya malezi bila kukosa nukta, namba ya simu, kila vocha. Akamweleza kwa upole kwamba kwa miaka thelathini amewaona mawakili wakihangaika usiku na mchana kutafuta ushahidi, lakini mshitakiwa aliyeuandika kwa mkono wake na kuweka namba ya simu chini, huyo ndiye wa kwanza.

Sabuni alijua kesho ni Jumamosi. Neno moja la mama huyu kwa mwanawe, na muhuri ameusikia tu kwa kinyozi. Akajaribu. Alisema mtambo umekosea. Alisema ana mdogo wake mgonjwa. Alisema vocha zile ni amana, alikuwa anamtunzia. Bibi alisikiliza yote, kalamu inatembea.

"Nikusomee ulichosema?" aliuliza alipomaliza.

Sabuni akasema haina haja.

Basi Bibi akamtuliza. Yeye hana makuu, ni mtu mzima, anataka kumaliza mashindano yake. Sabuni ajiondoe kwenye nafasi ya mzazi, amweke Bibi, kisha amfundishe hatua kwa hatua asije kumsumbua mtaalamu tena. Sabuni alikaribia kumbusu mkono. Nyumba moja imekwenda, zimebaki mia tatu tisini na tisa, na barua iko palepale. Aliketi naye sakafuni akamfundisha yote: hapa unamjaza mzazi, hapa namba, hapa muda, hapa neno la malezi. Bibi aliandika ule mwandiko wa haraka wa makarani ambao huwezi kuusoma hata ukiushika kichwa chini. Akauliza, na kama mwenye nyumba atataka kujua unamjaza nani?

Sabuni akacheka, maana sasa alikuwa amejisahau, anapenda kusikilizwa. "Hatataka, Bibi. Muulize tu, nimwandike nani? Mkubwa hata awe nani atakwambia, jaza wewe."

Bibi alipiga mstari chini ya hilo, mara mbili.

Jumamosi Sabuni alifika kwenye ukumbi wa shule amevaa koti la kuazima, kitambulisho kinang'aa. Mwenyekiti alizungumza saa nzima juu ya kujitolea. Alisema nyumbani kwake siku mbili hizi kuna utulivu, na hata mama yake ameanza kuchangamka. Kisha akaifungua barua. Kamati, baada ya mashauriano mapana, imemteua Mtaalamu Mkuu wa Kufuli za Mashine za Gemu, naye ni mama mzazi wa Mwenyekiti.

Sabuni alisubiri fujo. Ukumbi umejaa wasomi, na mwenyekiti anampa mama yake kazi ya kamati kwa mkono wa mwenyekiti. Hakuna aliyepepesa hata kope. Watu walipiga makofi. Mzee mmoja nyuma yake alisema afadhali safari hii wamempa mama, ile ya mabomba walimpa shemeji. Usiku uliopita Bibi alikuwa amemdokezea mwanawe kwamba kazi nzuri haitoki nje ya ukoo, na Mwenyekiti alikubali kabla sentensi haijaisha. Asubuhi alikuwa anaamini ni wazo lake.

Mstari wa mwisho wa barua ulisema Mtaalamu Mkuu atasaidiwa na mtu mmoja wa kubeba nyaya.

Sabuni alimvizia Bibi mlangoni.

"Bibi, ulisema huna makuu."

"Sina, mwanangu. Nimestaafu." Jana Sabuni alikuwa baba, leo amekuwa mwana, na hakuna aliyemuuliza.

"Ile barua ilikuwa yangu."

"Kortini tungekuambia uonyeshe ulipotia sahihi. Chukua begi, tuna nyumba sita leo."

Kwa miezi miwili na siku chache nyumba zote zilitiwa kufuli. Akina baba mameneja, akina mama wakurugenzi, wote waliulizwa mzazi aandikwe nani, na wote walisema jaza wewe. Watoto wakawa wanamwomba ruhusa Bibi, asubuhi mpaka jioni, na Bibi alimjibu kila mmoja kwa neno lile lile la malezi. Vocha iliyokuwa moja ikawa mbili. Ya pili ilikuwa ya muhuri. Mwizi akikuuzia saa yako, huo ni wizi. Ofisi ikikuuzia, huo ni mchango.

Sabuni alibeba nyaya siku mbili. Siku ya tatu uchungu ulimzidi, akafanya jambo ambalo hakuwahi kulifanya maishani: alikwenda kwenye dawati la malalamiko la halmashauri, kwa miguu yake, kwa jina lake halisi, kushitaki kwamba ameibiwa. Karani wa dawati alimpa fomu. Aliijaza vizuri mpaka kipengele cha nne. Pale kalamu ikasimama. Alimuuliza karani kiandikwe nini. Karani naye hakujua, akaipeleka kwa mkubwa wake, mkubwa akaipeleka kwenye kamati ya wazazi, kamati ikaagiza soda. Fomu imezunguka meza zote za mji ule na imerudi ilivyo, ina alama za vikombe tu, na kipengele cha nne bado kinauliza: *Mali iliyochukuliwa ilikuwa ya nani?*