Asubuhi ya Ntheo na Silinda ya Nne

Leo aibu imenikuta soko la Nunguni likiwa limejaa. Naandika haya nikiwa Kikima, nimeketi nyuma ya nyumba ya wakwe zangu, nimeshiba, moyo umetulia. Lakini saa nne asubuhi, kama ardhi ingepasuka, ningeingia mwenyewe bila kusukumwa.

Kwa wasiojua: mimi na Mwende tunaishi pamoja mwaka wa tatu sasa na tuna mtoto, lakini ntheo nilikuwa sijapeleka. Ntheo ni wale mbuzi watatu unaopeleka kwa kina msichana. Mmoja anachinjwa hapo hapo, wazee wanakula, na kuanzia siku hiyo ni mke wako. Bila hao mbuzi, hata mkizaa timu nzima ya mpira, wewe ni jirani tu. Nilikuwa nimeahirisha mara mbili. Mara ya kwanza ilikuwa ukame, mara ya pili mgomo wa walimu (ndiyo, mimi ni mwalimu, tena wa fizikia). Baba mkwe akanipigia simu mwenyewe. "Jumamosi, saa sita. Mkikosa tena, Mwende anabaki huku kwetu na mtoto." Mwende alikuwa ameshatangulia tangu Alhamisi kusaidia mapishi. Kwa hivyo hakikuwa kitisho cha mbali. Mke na mtoto walikuwa tayari mikononi mwake!

Sasa gari. Mimi na gari langu tulizaliwa mwaka mmoja, na lilikuwa limeanza kuvuta sigara. Ukiliwasha baada ya kulala, linatoa wingu moja la moshi wa bluu, kisha linatulia kama si lenyewe. Ukiteremka mlima mrefu bila kukanyaga mafuta, ukifika chini na kukanyaga, wingu lingine. Na kutoka Nunguni hadi Kikima ni kuteremka na kupanda tu.

Mara ya mwisho kwenda ukweni niliegesha karibu na kamba ya nguo. Wakati wa kuondoka nikawasha. Shuka nyeupe za mama mkwe zilipotea machoni petu. Baba mkwe alikohoa, akauliza, "Hii gari yako inapika nini?" Mama mkwe hakusema kitu. Kwetu mkwe na mama mkwe wanaheshimiana kwa mbali, hamtaniani, hata kutazamana usoni ni kazi. Alianua shuka zake kimya kimya, akazirudisha kwenye karai. Ule ukimya niliusikia hadi nyumbani.

Nikaenda kwa fundi Mueni, mama ambaye gereji yake iko karibu na stendi. Mueni hana maneno mengi. Alitoa plagi zote nne, zikawa zimelowa oili. Akapima presha ya kila silinda, zote ziko sawa.

"Pistoni hazina shida," akasema. "Ni zile raba ndogo zinakaa juu ya valvu, zile sili. Zimekauka. Gari ikilala, oili inateremka pole pole kwa silinda, asubuhi inachomeka. Niachie siku moja tu."

Nami nikamjibu (jamani, mdomo huu!), "Asante fundi, lakini hiyo ni fizikia tu. Nitafanya mwenyewe."

Mueni alinitazama, akapangusa mikono. "Sawa, mwalimu."

Wiki mbili nzima nikawa nahubiri sili za valvu katika chumba cha walimu. Shida ya kazi hii ni moja. Ili ubadilishe sili lazima utoe springi inayoshikilia valvu, na ukitoa springi, valvu inaweza kudondoka ndani ya silinda. Ikidondoka, umekwisha. Mueni ana mashine ya upepo ya kuizuia. Mimi niliona kwenye video mbinu ya kamba. Unapitisha kamba kwenye tundu la plagi, unaijaza ndani ya silinda, halafu unazungusha injini kwa mkono hadi pistoni ipande na kuibana kamba dhidi ya valvu. Valvu haiendi popote. Unabadilisha sili, unarudisha springi, unashusha pistoni, unatoa kamba. Nilivyoipenda mbinu hiyo, niliwachorea hata Kidato cha Tatu ubaoni.

Jana mchana nilimaliza silinda tatu. Kila mara ilibidi nitoe kamba ili niende kwa silinda inayofuata. Ikatoka bila shida. Ila kamba yangu ya kuanikia nguo ilikuwa imeanza kuchanika, na sikutaka nyuzi zibaki ndani (nilikuwa mwangalifu sana, mnaona?). Leo alfajiri, ikiwa imebaki silinda ya nne tu, nikatafuta kamba nyingine. Langoni walikuwa mbuzi watatu wa ntheo. Lile beberu kubwa lilikuwa limefungwa kwa kamba mpya ya katani, ndefu ya hatua tatu hivi. Nikakata kipande kama cha hatua mbili. Nikasema beberu halitahisi.

Kazi ikaenda vizuri kupita kiasi. Sili ya mwisho ikaingia, springi zikarudi mahali pake. Nilikuwa napiga mluzi.

Hapo simu ikalia. Mwende. "Kyalo, mko wapi? Baba ameshavaa koti."

"Tunatoka sasa hivi!"

Kabla sijaweka simu mfukoni, wazee wakaingia. Baba mdogo Mutisya, msemaji wetu, suti ya kijivu. Mzee Nzioka, mzee wa kanisa, Biblia kwapani. Ikabidi chai. Ikabidi mkate. Mzee Nzioka akaomba, na mnajua vile anaomba, alianzia uumbaji. Nilipofungua macho ilikuwa karibu saa tatu na nusu. Nikakimbia kwa gari, nikarudisha kifuniko, nikakaza plagi zote nne, nikaosha mikono, nikavaa suti. Tukapakia mbuzi nyuma.

"Wazee," nikasema, mkono juu ya ufunguo, "leo hamtaona moshi."

Nikawasha. Kt!

Nikajaribu tena. Kt! Basi. Hata mlio wa pili hakuna.

Na kweli moshi hawakuuona.

"Ni betri," akasema baba mdogo kwa uhakika wa mtu ambaye hajawahi kumiliki gari. Jirani akaleta yake, tukaunganisha waya. Kt! Mzee Nzioka akaweka mkono juu ya boneti, akakemea. Kt!

Pikapu za kukodisha zilikuwa zimeondoka zote na maparachichi, maana ni siku ya soko. Barabara ya kwetu inateremka moja kwa moja hadi sokoni. Baba mdogo akavua koti. "Tusukume. Itashika tu." Nami mwalimu wa fizikia nikakubali.

Wazee wawili ndani ya suti, jirani, na waendesha boda watatu waliojitolea kwa kelele. Gari likashika kasi. Gia ya pili, nikaachia klachi. Magurudumu yakagoma papo hapo! Gari likaburutika kama mtu anayeswagwa kwenda kwa daktari wa meno, likasimama katikati ya soko, mbele ya mama mmoja na lundo lake la kabichi. Vumbi likatufunika sote. Soko zima likaja kutazama.

Hapo ndipo nilipoogopa kweli. Injini isiyozunguka hata ikisukumwa, hiyo imekufa. Niliona Mwende amekaa na mtoto akiangalia njia. Niliona baba mkwe akivua lile koti.

"Mwalimu, umeua gari," mmoja wa watu wa boda akasema kwa huruma. Huruma yake ndiyo iliniuma.

Mtu alikuwa ameshamwita Mueni. Akaja na kisanduku chake, hana haraka. Akafungua boneti, akaanza kutoa plagi, moja baada ya nyingine.

Wakati huo huo baba mdogo alifungua nyuma ili mbuzi wapate hewa. Beberu likaruka! Kamba yake ilikuwa fupi, haikuwa na mahali pa kushikia. Likaingia kwenye kabichi. Mama mwenye kabichi akapiga mayowe, "Aiya! Mbuzi ya nani hii?" Baba mdogo akalikimbiza kati ya nyanya na ndizi, akalikamata kwa pembe, akarudi nalo anahema, tai imefika mgongoni.

"Hii kamba nilinunua ndefu!" akafoka. "Nani amekata kamba ya ntheo?"

Watu wakatazamana. Nikainua mkono kama mwanafunzi. "Ni mimi, baba mdogo. Nilitaka kipande kidogo cha kazi ya gari."

"Kazi gani ya gari inataka kamba ya mbuzi?"

"Ni ya... ya kushikilia valvu."

"Na sasa iko wapi?"

Nikafungua mdomo nimjibu. Nikakumbuka silinda ya kwanza, nikaitoa. Ya pili, nikaitoa. Ya tatu, nikaitoa. Ya nne haikuwa na inayofuata. Kulikuwa na simu, chai, mkate, na maombi yaliyoanzia uumbaji.

Mueni alikuwa ameinama juu ya tundu la plagi ya nne na tochi ya simu. Akainuka taratibu. Ni mara ya kwanza namwona akitabasamu.

"Mwalimu," akasema, "kuja uone fizikia yako."

Na simu ya baba mdogo ikalia wakati huo huo. Simu ya video. Baba mkwe! Baba mdogo naye, badala ya kuikata, akaipokea, akainyanyua juu. "Muthoniwa," akamwita kwa Kikamba, yaani mkwe, "tuko njiani kidogo, kuna kashida..."

Mueni alikuwa ameshashusha pistoni kidogo na kukunja waya, akaupitisha kwenye tundu, akaanza kuvuta. Ikatoka ncha nyeusi, inatiririka oili. Akavuta. Ikaendelea kutoka. Akavuta tena. Watu wakaanza kuhesabu kwa sauti kila akivuta! Moja! Mbili! Tatu! Ilipofika saba beberu lenyewe likasogea kuinusa. Mueni akaishika juu, hatua mbili za katani, soko zima likiwa linaona, na Kikima pia.

"Hiyo ni nini?" sauti ya baba mkwe ikauliza kwenye simu.

Baba mdogo hajui kudanganya. "Ni kamba ya mbuzi wako, muthoniwa. Ilikuwa kwa injini."

Nilifumba macho. Nilingojea aseme turudi nyumbani.

Kilichokuja ni kicheko. Yule mzee alicheka hadi simu ikamtoka, tukabaki tunaona dari ya nyumba yake. Nyuma ya dari hiyo nikasikia sauti nyingine ikicheka mbali kabisa, jikoni, ya mtu aliyekimbilia huko ili mkwe asimwone. Mama mkwe! Mke wangu akaiokota simu, machozi ya kicheko yanamtoka.

Baba mkwe akarudi. "Wazee, kama kamba imeshatoka kwa injini, mbuzi wenyewe watoke huko pia. Nawangoja. Hata saa nane nitangoja. Huyu mtu nataka kumwona leo!"

Sijui kama mmewahi kupumua baada ya kusahau kupumua.

Mueni hakuruhusu mtu awashe. Alizungusha injini kwa mkono kwanza, mizunguko miwili mizima, akisikiliza. Akatoa nyuzi zilizobaki. Akapima presha ya silinda ya nne mara mbili. "Una bahati," akasema. "Ungelazimisha zaidi, ungepinda valvu. Iko sawa na zile zingine." Akarudisha plagi mwenyewe. Nilipotaka kumsaidia aliniondolea mkono kama anayemzuia mtoto kwenye sufuria.

Nikawasha. Likashika! Likatoa harufu ya katani iliyoungua, kidogo tu, halafu likanguruma safi kabisa. Nikatazama nyuma. Hakuna bluu. Soko likapiga makofi (mengine yalikuwa ya kejeli, nimeyapokea yote). Mama wa kabichi tulimwomba radhi, akasema kicheko alichopata kimetosha, lakini beberu lisirudi. Mueni alipofunga boneti nilimwambia, "Fundi, sili umekubali nimeweka vizuri?" Akasema, "Vizuri sana. Hata hiyo kamba uliiweka vizuri."

Tuliteremka mlima wote mguu ukiwa mbali na mafuta. Chini kabisa nikakanyaga, macho kwenye kioo. Hewa safi! Nilipiga kelele ndani ya gari hadi Mzee Nzioka akaitikia amina.

Tulifika saa saba na dakika chache. Mbuzi wakapokelewa, wakahesabiwa, mmoja akachinjwa. Baba mkwe akasimama na hotuba yake, akasema wameridhika, Mwende ni mke wangu rasmi, ila wana sharti moja dogo: mjukuu wao akitaka kujifunza mambo ya magari, apelekwe kwa yule mama fundi. Wazee wakanywa juu ya hilo. Mama mkwe aliniletea sahani yangu akiangalia pembeni kama heshima inavyotaka, lakini mabega yake yalikuwa yanatikisika, na sahani pia.

Sasa najua video zitawafikia, maana watu wa boda wote walikuwa wanarekodi. Sitawakataza kucheka. Ila mkicheka, chekeni kwa adabu, kwa sababu kuanzia leo saa saba mnamcheka mume wa mtu.