Kuhani Nje ya Ukuta

Jumapili, 2 Juni

Dezső Lőwy ni mwizi. Naandika hili kwanza lisije likapotea katikati ya mambo mengine.

Leo nilikuwa na watalii Waholanzi, kundi lenye adabu zake. Tuko katikati ya mtaa wetu wa zamani wa Kiyahudi hapa Budapest, nawaonyesha mwimo wa mlango palipokuwa na mezuza, kile kikasha cha maandiko, kabla ya vita. Sauti nimeishusha. Mama mmoja ameshatoa kitambaa cha kujifutia machozi. Ndipo akapita Dezső na kundi lake, mwavuli wa manjano hewani, akasema kwa sauti ya mnada kwamba mezuza ilikuwa mlango wa pili. Hilo la kwangu ni tundu la msumari wa sanduku la barua! Waholanzi wote wakahamia mlango wa pili. Mama na kitambaa chake akawa wa kwanza.

Mimi natembeza watu mtaa huu tangu Dezső anauza bima za magari. Kila kona aliiba kwangu. Hata pale pa kukohoa kabla ya kutaja vita, aliiba.

Ziara zetu zote mbili huishia kwenye duka la keki la Piroska, na hapo ndipo panaponiuma. Piroska aliachana na mume wake, daktari wa meno, akabaki na duka na kicheko ambacho hunifanya nisahau nilichotaka kuagiza. Nitamuoa. Pete iko kwenye droo ya soksi, inangoja siku nzuri. Dezső naye anamtaka. Bila shaka anamtaka, maana nilianza mimi.

Leo akaegemea kaunta akamwambia Piroska kwamba yeye ni Mlawi, baba kwa mwana, tangu enzi za hema jangwani. Piroska akasema, "Kumbe! Na unavyoonekana wa kawaida tu!" Akamwongezea kipande cha flódni, ile yenye mbegu za mpopi, tufaha na jozi. Bure. Mbele yangu!

Damu ikanipanda kichwani. Nikasikia mdomo wangu ukisema kwamba mimi ni kuhani. Uzao wa Haruni. Marehemu Mjomba Arnold aliniambia siku anakata roho.

Dezső alibaki na uma mdomoni. Maana siku ya sikukuu, kabla kuhani hajapanda kuwabariki watu, Mlawi humwagia maji mikononi. Na Sikukuu ya Majuma ni Jumatano ya wiki ijayo. Dezső ameinama, ameshika birika, mimi nimenyoosha mikono! Nimetembea mpaka nyumbani nikiimba.

Jumatatu, 3 Juni

Nimenunua soksi mpya. Makuhani hubariki bila viatu, na zangu zote zina madirisha.

Rabi Salamon ameniita. Dezső, mmbeya yule, alishamfikia. Rabi ana mafua ya majira haya. Alinisikiliza macho ameyafumba, nikadhani kalala. Akauliza kama nina shahidi. Nikasema Mjomba Arnold. Akauliza yuko wapi. Nikasema kafariki. Akauliza kuhusu mama yangu. Nikasema yuko Szeged, mzee sana, hasikii vizuri. (Mama anasikia mpaka ninayowaza.)

Basi akatoa hukumu. Mtu akijitangazia heshima, alisema, sheria yetu hudai ushahidi. Lakini mtu akijitangazia makatazo, anaaminiwa papo hapo, kwa kinywa chake mwenyewe.

Nikamwomba anieleweshe. Akapenga kamasi, akanielewesha. Kuitwa wa kwanza mbele kusoma Torati: ngoja uchunguzi. Kubariki watu: ngoja. Kumwagiwa maji: ngoja. Ila kuanzia dakika hii sikanyagi makaburini, kwa kuwa kuhani hajitii unajisi wa wafu. Na mengine kama hayo.

Nikauliza mengine yapi. Akasema nikasome. Mimi mtu wa kazi, nisome saa ngapi?

Haki iko wapi? Heshima sina, adhabu ninayo!

Jumanne, 4 Juni

Siku mbaya kuliko zote. Nilikuwa na Waajentina, wajukuu wa watu waliozaliwa mtaani humu. Wamevuka bahari kuja kuyaona makaburi ya wazee wao. Kilele cha ziara yangu ni makaburini. Tukafika langoni, nikasimama kama niliyegandishwa. Nikawaambia kwa heshima kwamba mimi ni kuhani, nitawaongoza kutoka nje ya ukuta.

Nikawaongoza. Nikapanda kwenye kreti ya bia, nikapiga kelele: kushoto, kushoto zaidi, jiwe lenye simba! Kutoka ndani wakajibu kwamba simba wapo kila mahali. Bibi mmoja, Señora Grünfeld, akaita kwa sauti ya kulia kwamba hamwoni babu yake. Nikamwambia aende kulia. Alikwenda kulia akakuta bomba la maji.

Nani akatokea? Mwavuli wa manjano! "Usihangaike, kaka Ödön," akasema, "Mlawi hana katazo la makaburi." Akaingia. Akamwonyesha bibi babu yake, wakaweka kijiwe juu ya kaburi kama ilivyo desturi yetu, wakakumbatiana, nikasikia makofi. Makofi! Makaburini! Na yale maneno yote aliyosema juu ya babu yalikuwa yangu, mpaka kikohozi.

Jua linachoma, nikasogea kwenye kivuli. Sauti ya Dezső ikatoka ndani: "Mheshimiwa kuhani, mti huo umetoka makaburini, matawi yake nayo hayakufai. Rudi juani." Waajentina wakanihurumia. Nilirudi juani.

Pua yangu sasa ni nyekundu kama pilipili. Namchukia.

Alhamisi, 6 Juni

Nilijua Dezső ni nyoka, sikujua ni nyoka aliyesoma.

Nilikwenda dukani kwa Piroska jioni, pete mfukoni. Nimepaka marhamu puani. Dezső ameketi mezani kwangu, ana uso wa msibani. Piroska hakucheka. Akaniuliza kama najua kuhani haruhusiwi kumuoa mwanamke aliyepewa talaka.

Sikujua! Nani angejua? Kumbe hilo ndilo "mengine kama hayo"! Dezső akaugua, akasema amelileta kwa majonzi makubwa, kama rafiki. Rafiki!

Piroska akajifuta unga mikononi, taratibu, kidole kimoja kimoja. "Sikiliza, Ödön," akasema. "Mwaka mzima unakuja hapa, unanitazama kama mtoto anavyotazama dirisha la keki. Mimi si kipofu. Sasa niambie. Kama ni kuhani kweli, ulikuwa unanichezea. Kama si kuhani, wewe ni mwongo, lakini mwongo naweza kumfundisha. Wewe ni nani?"

Ilikuwa rahisi. Neno moja tu. Nikafungua mdomo kulisema. Nikamwona Dezső amesogeza kiti mbele, ameweka kiganja nyuma ya sikio.

Nikasema ukoo wa Haruni hauchezewi, nikatoka. Nimepiga teke pipa la taka mlangoni. Kidole kimevimba, soksi mpya haiingii.

Jumapili, 9 Juni

Nimesoma! Ndiyo, mimi, na kichwa kinaniuma, lakini nimepata mlango wa nyuma. Kuhani akimuoa mwanamke aliyeachwa, mtoto wao hupoteza ukuhani. Heshima hana, lakini makatazo nayo hana! Anaingia makaburini. Anaoa amtakaye. Na damu ya Haruni inabaki damu ya Haruni, Dezső asicheke.

Kinachotakiwa ni mama aliyewahi kuachwa tu.

Nikamwendea Rabi Salamon nikamwambia, macho chini, kwamba kuna siri ya aibu katika familia yetu. Mama yangu, kabla ya kuolewa na marehemu baba, alikuwa ameolewa na kuachwa na mtu mwingine. Mwuza farasi. Hilo la farasi lilinijia hapo hapo, nikaliona linapendeza.

Rabi akafumbua macho yote mawili, kwa mara ya kwanza. Akasema ni jambo zito, hawezi kumtia mwanamke doa kwa maneno matupu. Akanyoosha mkono kwenye simu.

Nikamkumbusha kwamba mama hasikii. Akasema atapaza sauti.

Jumanne, 11 Juni

Naandika mbio. Jua likizama sikukuu inaingia na kuandika ni marufuku mpaka Alhamisi usiku.

Mkesha wa Sikukuu ya Majuma mtaa mzima hupanga foleni kwa Piroska kununua keki za jibini. Nami nilikuwemo. Nilitaka kumpa Piroska habari njema kabla ya mtu mwingine. Mlango ukafunguka kwa kishindo, nikasikia sauti iliyoninyonyesha.

"Yuko wapi?"

Mama. Kofia ya majani, mkoba wa ngozi, kashuka kwenye treni ya Szeged sasa hivi. Foleni ikagawanyika kama bahari.

"Mimi niliachwa? Mimi, Szeréna Pollák, niliachwa? Na mwuza farasi? Farasi wapi! Nilikuwa na miaka kumi na tisa, sijashikwa hata mkono, baba yako ananiimbia dirishani hana hata sauti!"

Nikamwomba tuongee nje. Akasema nje kuna watu wachache mno.

"Na kuhani gani? Baba yako kuhani? Kila Sabato alikaa kiti cha nyuma, akisinzia, na alikuwa mtu mzuri kuliko wote walioitwa mbele. Hakuhitaji Haruni. Nenda kaburini kwake utazame jiwe: hakuna mikono ya kubariki ya makuhani, hakuna birika la Walawi, kuna jina lake tu. Mwaka wa pili huu hujaenda kumwekea hata kijiwe, sasa unatafuta sheria ya kukuzuia?"

Hapo nilitazama sakafu. Foleni nzima ilitazama sakafu. Dezső pekee ndiye hakutazama sakafu, alikuwa anacheka mpaka kaishikilia kaunta. Mama akamgeukia. "Na wewe, mwenye mwavuli, unacheka nini? Mjini Szeged Walawi ni wengi kuliko kuku." Kicheko kikakatika. Hiyo ndiyo dakika njema ya wiki nzima.

Kisha Piroska akatoka nyuma ya kaunta. Akampa Mama kiti na keki, akaniambia nitoe nilicho nacho mfukoni, maana nimekishika tangu Alhamisi. Nikatoa pete. Akaitia mfukoni mwa aproni.

"Bado sijakubali," akasema. "Pitisha sikukuu hii moja ukiwa mtu wa kawaida. Ödön Pollák, basi. Ukiweza, Ijumaa naivaa."

Siku mbili! Hata Dezső angeweza siku mbili. Jua linazama. Mimi ni mtu wa kawaida. Naona raha.

Ijumaa, 14 Juni

Nieleweke: Jumatano nilikuwa wa kawaida kutwa. Nilikaa kiti cha nyuma. Dezső aliwamwagia maji makuhani wa kweli huku akinikonyeza, nami nikanyamaza. Mama aliniambia nafanana na baba.

Alhamisi pia, mpaka mchana.

Baada ya sala tulikuwa ukumbini, tunakula. Dezső akaja na sahani yake, akaketi upande wa pili wa Piroska, akasema hakutaka kulitaja siku zote hizi, lakini upande wa mama yake ni wa uzao wa rabi mkuu mmoja wa Praha ambaye watu mpaka leo huwasha mishumaa kaburini kwake. Bila kuulizwa na mtu! Na Piroska akasema, "Kumbe!"

Safari hii nilitumia akili. Nilipitia makatazo yote kichwani kabla ya kufungua mdomo. Makaburini anaingia? Anaingia. Mtalikiwa anamuoa? Anamuoa. Ndipo nikasema kwamba mimi ni wa uzao wa Mfalme Daudi.

Mama alifunika uso kwa kitambaa cha meza. Piroska akaniuliza, kwa upole kabisa, Daudi alikuwa na wake wangapi. Nikaanza kuwataja kwa majina, kumwonyesha kwamba najua. Nilipofika kwa Abigaili akainuka akaenda zake.

Leo asubuhi nimekuta kisanduku cha keki mlangoni. Nikafurahi, nikajua ni flódni ya kusuluhishana. Ndani mlikuwa na pete, peke yake.

Mkono wa Dezső huu, hakuna mwingine.

Rabi Salamon ametuma neno. Anasema sheria inayo machache yanayomkataza mfalme, niende Jumapili anisomee. Mimi sina wasiwasi. Nimefua soksi.