Saa ya Shemeji

Jumatatu, 3 Juni

Orodha imebandikwa ubaoni, nje ya jiko la hospitali. Majaribio ni Jumamosi, saa nne asubuhi. Kwa mita elfu moja na mia tano, timu yetu ya wafanyakazi inapeleka mtu mmoja tu mashindano ya taifa. Mmoja! Mwaka jana walikwenda wawili. Kocha, ambaye siku za kazi ni fundi wa mashine za eksirei, anasema basi limejaa watupa tufe, na watupa tufe ni watu wapana.

Nina miaka thelathini na mbili. Nikikosa safari hii, mwakani nitawekwa kwenye kamati ya maji ya kunywa. Nimeona kocha alivyowafanya wenzangu.

Kikwazo kinaitwa Dozi. Anahesabu vidonge dirishani kwenye chumba cha dawa, na anakimbia hivyo hivyo. Mzunguko wa kwanza sekunde sitini na mbili. Wa pili sitini na mbili. Wa tatu sitini na mbili. Moja kutwa mara tatu! Yule hana mbio, ana utaratibu. Mwenye mbio ni mimi. Hospitali nzima inajua kwamba mita mia saba za mwanzo hakuna anayeniona uso, wote wananiona mgongo.

Kikwazo cha pili nimejipikia mwenyewe. Mwezi uliopita nilimwambia mama kwa simu kwamba nimeshachaguliwa. Ilinitoka tu. Alikuwa analalamikia goti lake, nikataka kumfurahisha. Sasa mtaa wake wote unajua. Leo kapiga tena: anakuja Ijumaa, anataka kuniona nikikimbia, mara ya kwanza maishani mwake. Nikamwambia karibu sana mama. Ningesema nini?

Jumanne, 4 Juni

Mazoezi. Mita mia tatu za mwanzo nilipaa. Mia nne za mwisho sitaki kuziandika.

Mke wangu ameziandika. Anafanya kazi masjala ya hospitali na hawezi kuona namba ikapotea. Ana daftari la mbio zangu la miaka saba, kila mzunguko na sekunde zake. Jioni alilifungua mezani, kati ya sahani yangu na yake, akanionyesha kwa ncha ya kalamu: mbio nane za mwisho, mzunguko wa kwanza hamsini na nane au pungufu, wa mwisho sabini na kitu. Akasema mzunguko wa kwanza nawakimbilia watazamaji, wa pili najikimbilia mwenyewe, na wa mwisho hajui namkimbilia nani. Akaongeza kwamba mbio za sakafuni huishia ukingoni.

Nikamwambia yeye ni mtu wa mafaili, haya ni mambo ya mapafu. Akafunga daftari.

Jumatano, 5 Juni

Mpango wa kwanza. Akili tupu, bila hila yoyote. Wakati wa mapumziko ya chai nilitoka chumba cha kufulia, ninakofanya kazi, nikaenda dirishani kwa Dozi kumpa ushauri wa kaka mkubwa. Nikamwambia siku hizi hakuna anayeshinda kwa mwendo wa saa ya ukutani. Aanze kwa sekunde hamsini na sita, awatishe watu, halafu aone.

Alinisikiliza huku anasogeza vidonge vitanovitano kwa kile kijiti chake. Hakupoteza hesabu hata mara moja! Akanishukuru, akasema kila mtu na mwendo wake, kisha akauliza kama nina cheti cha daktari maana foleni ni ndefu. Mama mmoja nyuma yangu akasema kama mimi si mgonjwa nimpishe, yeye ni mgonjwa.

Ili nisionekane nimekuja bure, nikaomba dawa ya kuharisha. Sasa chumba chote cha kufulia kinaniuliza hali.

Alhamisi, 6 Juni

Jambo la ajabu. Naliandika jinsi lilivyotokea.

Mazoezi ya mwisho, umbali kamili. Nilitaka kutoka kama kawaida yangu, lakini Dozi alikuwa mbele, na kwenye fulana yake, mgongoni, palikuwa na doa la aidini, ile dawa ya vidonda. Kubwa kama kiganja. Nimefua mashuka ya hospitali miaka kumi na moja, siwezi kupita doa la aidini bila kulitafakari. Nani alimfulia na maji ya moto? Maji ya moto ndiyo yanayolikaza! Nikawa namfuata, naliangalia, nawaza niliondoe vipi. Mara nasikia watu wanapiga makofi. Tumemaliza.

Dakika tatu na sekunde hamsini na mbili. Sijakimbia hivyo kwa miaka minne. Mke wangu alinionyesha ukurasa: sitini na mbili, sitini na mbili, sitini na mbili. Kocha alikuja mwenyewe kunipa mkono. Akasema nikifika naye Dozi pamoja kwenye mita mia moja za mwisho, mwenye mbio ni mimi, na safari ni yangu. Akasema nirudie hayo hayo Jumamosi, nisiongeze kitu, nisipunguze kitu.

Nimekaa nikafikiri sana sababu ni nini. Nimeipata. Soksi mpya.

Lakini nimeona pia jambo la kutisha. Dozi alipomaliza alikuwa anapumua kwa pua! Mtu wa namna hiyo hafai kuachiwa hivi hivi. Lazima kitu kifanyike.

Ijumaa, 7 Juni

Kitu kimefanyika.

Mbio zetu zinaanzia upande wa pili wa uwanja. Unakimbia mita mia tatu, unapita mstari wa kumalizia, halafu mizunguko mitatu kamili. Kila ukipita pale mstarini, mtu mwenye saa anakutajia muda kwa sauti, ndipo unajua umewahi au umechelewa. Na mtu mwenye saa ni nani? Shemeji yangu! Kaka wa mke wangu, bawabu wa lango kuu, sauti yake inasimamisha gari la wagonjwa.

Mpango: ataje muda wa uongo. Mara ya kwanza aongeze sekunde nne, mara ya pili saba, mara ya tatu kumi. Taratibu, ili uongo ukue vizuri. Dozi akisikia amechelewa, ule utaratibu wake utavunjika. Atachomoka kabla ya wakati, atajimaliza. Mimi nitatulia, maana uwanja mzima mimi peke yangu nitakuwa na ukweli.

Shemeji alikataa mara tatu. Alinikumbusha kwamba alishawahi kumzuia daktari mkuu langoni kwa kukosa kitambulisho. Nikamwahidi kumpigia pasi sare zake zote mpaka Desemba, na mikunjo ya suruali iliyonyooka. Akauliza kama na kofia imo. Nikasema imo.

Mama amefika saa kumi jioni, goti limefungwa kitambaa, mkononi ana shati jipya la kunivalisha siku ya kuondoka. Amenishika mashavu yote mawili. Amesema baba yangu angekuwepo angetangaza barabarani. Mke wangu akaniangalia. Nikaangalia dirisha. Niliona haya, siwezi kuficha, niliona haya mpaka masikioni. Kwa hiyo sasa lazima nishinde tu. Nikishinda, uongo wangu utageuka kuwa taarifa iliyowahi mapema.

Jumamosi, 8 Juni

Naandika nimelala chali, miguu juu ya mto.

Saa tatu na nusu nilikuwa nimeshakwenda msalani mara nne. Midomo imekauka. Tulikuwa watu tisa mstarini. Dozi alinitakia heri! Nikashindwa kumwangalia machoni. Jukwaani nilimwona mama katikati ya manesi wawili, ameinua mkoba kunipungia. Upande wa pili shemeji amesimama na saa yake, amenyoosha shingo, uso umemkauka.

Kipyenga. Nikatoka. Nilijiambia sitini na mbili, sitini na mbili. Soksi ni zile zile. Mwili mwepesi. Niko mbele, sawa, mbele kidogo tu. Tunakaribia mstari.

“Arobaini na tisa!”

Arobaini na tisa? Moyo ulinishuka mpaka kwenye viatu. Nilikuwa najua ni uongo. Uongo wangu mwenyewe, niliuagiza kwa mdomo wangu! Kichwa kilijua. Miguu haikujua. Tena shemeji aliitaja kwa masikitiko, kama mtu anayetoa taarifa ya msiba. Nikaongeza. Kidogo tu, kwa usalama. Na mbona nasikia hatua za watu nyuma yangu nazo zimeongezeka?

Upande wa mbali nikajaribu kutoa nne kwenye arobaini na tisa. Jaribu wewe kutoa nne huku unakimbia. Nilipata arobaini na sita, halafu hamsini na tatu.

“Moja hamsini!”

Hapo nikasikia sauti ya mama. Manesi walikuwa wamemweleza kwamba huo si muda mzuri.

“Umechelewa, baba! Kimbia! Umechelewa!”

Mama yangu hajawahi kunipigia kelele hivyo tangu nilipoivunja televisheni. Nikasahau mpango. Nikasahau nani kasema nini na nani kamtuma. Nikakimbia kama ninafukuzwa. Pembeni nilimwona mke wangu amesimama juu ya benchi, daftari limefungwa kifuani, anapunga mkono kuelekea chini: shuka, shuka, shuka. Nilidhani ananishangilia.

“Mbili hamsini na nne!”

Mzunguko mmoja umebaki. Niko mbele kwa mita thelathini. Mita mia moja baadaye mapaja yalikuwa si yangu. Kwenye kona mikono ikawa mizito, taya ikajifunga, nikawa naona uwanja unarefuka mbele yangu. Ng'ombe mzima nimemla, mkia ukanishinda. Nikasikia pumzi ya pua. Puani! Dozi alipita bila kunitazama, mwendo ule ule wa mita ya kwanza. Fulana imefuliwa, doa bado lipo, limekazwa zaidi. Wakapita wengine wawili. Nilivuka mstari nikiwa wa nne, nikaanguka kwenye nyasi nikazikumbatia.

Mke wangu alikuja na saa yake mwenyewe. Alinisomea taratibu, bila hasira, na hilo ndilo lililoniuma. Mia tatu kwa arobaini na tano. Kisha hamsini na nane. Kisha sitini na moja. Kisha sabini na sita. Jumla dakika nne kamili. Dozi, tatu hamsini na moja.

Nilimwuliza Dozi kama hakusikia muda uliotajwa. Akasema yeye huwa hasikilizi. Anahesabu hatua zake kumikumi, akifika mia moja anaanza upya, kama vidonge kwenye sinia. Kelele zinamharibia hesabu.

Kocha naye alikuwa na saa mfukoni. Akamuuliza shemeji ile yake ni ya nchi gani. Shemeji hakuulizwa mara ya pili. Alimwaga yote pale pale, mpaka habari za kofia.

Mama alishuka jukwaani kwa shida, ngazi moja moja. Nikamwambia ukweli, kwamba sikuwa nimechaguliwa, na sasa sitachaguliwa. Nililia. Ndiyo, nililia, mtu mzima nina namba kifuani. Akanifuta uso kwa lile shati jipya. Akasema amefunga safari kuona nikikimbia, ameniona, na kwa muda mrefu kabisa nilikuwa wa kwanza. Mtaani ataishia hapo kusimulia.

Jumapili, 9 Juni

Asubuhi kocha amekuja nyumbani. Nilidhani amekuja kunifukuza kwenye timu. Nilikuwa nimeshaandaa hotuba.

Alikunywa chai kwanza. Akasema alipaswa kunifukuza, na angefanya hivyo, ila Dozi mwenyewe ameniombea. Dozi anasema hajawahi kuwa na mtu wa kumvuta mizunguko ya mwanzo, na alipokuwa nyuma yangu alijisikia vizuri. Baada ya wiki mbili kuna mbio za kujipima nguvu. Nimwongoze. Sitini na mbili kila mzunguko, hadi mita elfu moja na mia moja, kisha nitoke pembeni nimwachie njia. Nikifanya hivyo sawasawa, watupa tufe watabanana, nami nitapata kiti kwenye basi kama msaidizi wake. Mke wangu ndiye atakayetaja muda. Muda wa kweli.

Mke wangu alinishika mkono chini ya meza. Mama akamshukuru Mungu. Nilimwambia kocha nimejifunza, nimejifunza kabisa, na nilikuwa nasema kweli, mpaka alipofika getini.

Hapo ndipo nilipoketi nikapiga hesabu. Nani atakuwa mbele? Mimi. Nani ataamua mwendo? Mimi. Nikimpeleka Dozi kwa hamsini na saba badala ya sitini na mbili, atafuata tu, ametii dozi maisha yake yote. Hesabu itamvurugika, miguu itamwisha. Na hakuna sheria inayosema anayeongoza ni lazima atoke. Nimeangalia.

Kwenye mita elfu moja na mia moja nitakuwa nimebakiza mia nne tu. Mia nne ni nini, jamani?