Filamu ya Kijapani Niliyowatafsiria Wakwe

Jamani, heshima yangu imeishia Missouri City, hapa Texas, leo mchana.

Nimeendesha gari kwa muda wa saa nne kutoka Carrollton kwenda kusikia jibu la posa. Wazazi wa Neema, mchumba wangu, wamekuja kutoka Moshi kumtembelea. Mama mchangamfu. Baba, mhandisi mstaafu, haongei (nilidhani ananipima, kweli alikuwa ananipima).

Baada ya pilau, Neema akaniponza. "Baba, huyu nyumbani alikuwa DJ, anatafsiri muvi kwa Kiswahili. Babe, watafsirie hata moja, please."

Sifa zikanipanda kichwani. Nikachagua ya Kijapani, maana hapo hakuna wa kunikosoa. (Mimi mwenyewe Kijapani sijui hata neno. Kazi ile ni mdomo tu.) Kwenye skrini akatokea mzee mmoja wa heshima, tai shingoni, anasimulia maisha yake ya uigizaji. Nikashika rimoti kama maiki.

"Mzee huyu alianza kama mwalimu wa shule ya msingi!"

Mama akaguna kwa huruma.

Vikaanza kuonyeshwa vipande vya filamu zake za zamani. Yuleyule, bado kijana, ni daktari. Mgonjwa, mwanamke, anafungua mkanda wa kimono.

"Anakwenda kuoga!" nikasema haraka.

Kipande cha pili, yeye ni mwenye nyumba. Anafungua mlango, mpangaji naye anavua. "Na huyu anakwenda kuoga!" Cha tatu, ni polisi. Wanaoga wawili. Jasho linanitoka, nabonyeza rimoti haizimi (kumbe nimeishika kinyume).

"Hicho kijiji hakina shida ya maji," Mama akasema.

Ndipo Baba akafungua mdomo. "Hajasema habari za kuoga. Anasema miaka thelathini amecheza filamu za wakubwa. Daktari, polisi, mwenye nyumba. Na hajawahi kuvua hata soksi."

Neema akajiziba uso kwa mto.

"Nilisomea umwagiliaji Japani miaka miwili," Baba akaendelea. "Na huyo bwana namfahamu. Zamani alikuwa na nywele."

Mama akageuka taratibu. "Baba Neema. Unamfahamu kutoka wapi?"

Baba akaanza kukusanya sahani. Mimi nikaaga, kiatu kimoja hata kamba sijafunga.

Sasa nipo kituo cha mafuta njiani. Baba amepiga simu, ananong'ona: "Mwanangu, posa imekubaliwa. Mama mkwe wako anasema bora wewe, uliona aibu."

Mke nimepata. Atakayecheka hapewi kadi ya harusi.