Mama Sikwan Kanipa Mgongo

Jumatatu, 4 Oktoba 1824
Mama Sikwan kaleta ngozi kumi na mbili za mbweha. Kama kawaida yake, kaniuliza nimeazima wapi shingo ndefu hivi. Nikacheka nami. Nikampa birika jipya kubwa la shaba, nikamposa binti yake, Sikwan. Kalichukua! Kasema jibu nitaliona. Miaka minne kwenye kituo hiki cha biashara, huku kaskazini kwenye barafu, nabadilisha baruti kwa manyoya, sijawahi kumtamani mtu hivi. Sikwan akipita nje, najisahau na mizani mkononi.

Jumatano, 6 Oktoba
Balaa! Mama Sikwan kaja ghalani, kaniona, kajifunika blanketi hadi puani. Kanipa mgongo. Chumvi kaiomba akiuambia ukuta! Flett, fundi mapipa, kacheka hadi nyundo ikamdondoka. Kwa kuwa ana mke wa kabila la kina Sikwan, anajiona mwenyeji. Bila shaka ndiye aliyenisema vibaya.

Alhamisi, 7 Oktoba
Mbinu mpya: ukarimu. Nikamfuata mama na majani ya chai, nikimwamkia kwa sauti. Akatimua mbio! Tumelizunguka rundo la kuni mara tatu. Sikwan kaficha uso kwa mikono.

Ijumaa, 8 Oktoba
Nami nina heshima yangu. Nimemtumia ujumbe arudishe birika. Kalileta Sikwan mwenyewe, macho mekundu. Nilitaka kumwambia asiondoke. Nikamuuliza kama halijatoboka.

Jumamosi, 9 Oktoba
Mitumbwi yao imekwenda kwenye mawindo. Hawarudi mpaka barafu ivunjike, Juni. Ndipo Flett akafungua kinywa: "We Linklater, kumbe hukujua? Mama mkwe wa huku hasemi na mkwewe, wala hamtazami. Ndiyo heshima yenyewe. Siku aliyokupa mgongo ndiyo siku uliyopewa mke!" Eti alidhani namkimbiza mama wa watu kwa utani.

Nimefunua birika. Ndani mna viatu laini vya ngozi, vimeshonwa kwa mkono, kipimo changu hasa. Nimevivaa. Nimekaa nikiutazama mto mpaka mwili wote ukafa ganzi, isipokuwa miguu.

Jumatatu, 11 Oktoba
Miezi minane! Nitaimalizaje bila yeye? Lakini nimepata mpango. Mtumbwi wao ukitokea tu, nitajitosa majini, nimshike mama mkwe mikono yote miwili, nimkazie macho, nimwombe radhi kwa sauti kubwa. Leo nimeanza mazoezi. Flett kaangusha nyundo tena.