Mlio wa Game Katika Wimbo wa Kwaya

Wasee, leo nimejianika mbele ya kanisa zima. Tena kwa spika mpya.

Mimi ni prodyuza. Studio yangu iko Gatina, chumba kimoja, magodoro ukutani ya kuzuia kelele. Sijisifu (najisifu), lakini hakuna mtu Kawangware anayenishinda kuunda upya milio ya zile game za zamani za TV. Nakaa na laptop, natengeneza noti moja moja, mpaka unahisi umerudi darasa la nne.

Mama Atieno, kiongozi wa kwaya fulani ya Sarang'ombe, alinipa wimbo mmoja wa kunijaribu. Waumini wakiupenda, narekodi albamu yote. Wimbo wenyewe ni wa Yesu kufufuka. Nikajua hapa panataka ule mlio wa ushindi, wa kumaliza game. Nikautoa kichwani bila kukosea hata noti, nikauweka pale pale kwaya inapoimba "Amefufuka".

Ibada ikaanza. Nimekaa mbele na laptop, shati limepigwa pasi, natingisha kichwa kama mtu anayejua kazi. Kwaya ikapanda. Amefufukaaa! Nikaongeza sauti. Ti-ri-ri-ri, tuuu.

Wanaume wote wa rika langu wakaguna kwa pamoja. Halafu Wafula, ambaye tulikua naye ploti moja na sasa ni shemasi mzima, akaropoka kutoka nyuma:

"Umededi! Leta pad!"

Kanisa likaangua kicheko. Pasta alijificha nyuma ya Biblia, mabega yakitetemeka.

Baada ya ibada nikambishia Wafula kwamba ule ni mlio wa ushindi. Akaniangalia kwa huruma.

"Buda, huo ni wa kudedi. Wa ushindi hujawahi kuusikia. Ulikuwa unadedi wa kwanza, unaenda kwenu."

(Ni kweli. Sheria ya kibanda cha game ilikuwa ukifa, unampa mwenzako pad ya kuchezea. Huo ndio wimbo niliousikia utotoni kuliko wimbo wowote.)

Nikamwendea Mama Atieno nichukue flash yangu yenye ule wimbo nijiondokee. Akakataa nayo.

"Albamu ni yako, mwanangu. Lakini huo mlio utoe hapo, uweke kwa ule wimbo wa mazishi. Unagusa roho."

Kazi nimepata. Kesho Wafula anakuja studio kuniimbia ule wa ushindi, niusikie mara ya kwanza nikiwa na miaka thelathini na tano. Atakayecheka namtoa kwa grupu.