Safu ya Nne Haiendi Honduras

Jumatatu, 2 Oktoba 2006

Wametangaza. Saa nne asubuhi mashine zilizimwa, tukasimamishwa watu wote mia moja na arobaini katikati ya makasha ya soksi. Meneja Pruitt akapanda juu ya kasha, akasoma karatasi. Kiwanda kinahamia Honduras. Kufika Krismasi hapa patakuwa patupu. Alisoma bila kuinua macho, halafu akasema kuna donati kantini. Donati! Miaka ishirini na sita natengeneza mashine za kufuma soksi hapa Cutler's Gap, Alabama, leo naagwa kwa donati. Nilikula mbili. Sikuona sababu ya kuwaachia.

Wanawake wa kushona ncha za soksi walilia. Mimi sikulia. Mimi nilikuwa nafikiri.

Mke wangu Loretta ana sukari, mwaka wa kumi na nne sasa. Dawa zake zinalipwa na bima ya kiwanda. Kiwanda kikienda, bima inaenda nacho. Jioni nilipomweleza, aliuliza: mpaka lini? Akaendelea kukoroga uji wa mahindi, polepole mno. Nimeogopa. Naandika humu kwa sababu humu hakuna anayeniona.

Lakini mpango ninao! Mashine kumi na mbili za safu ya nne ni zangu. Kwetu kila fundi ana safu yake na daftari lake la vipimo, na daftari hilo haonyeshwi mtu, hata awe ndugu wa tumbo moja. Zangu nimezipa majina ya shangazi zangu kwa chaki: Opal, Maybelle, Eunice na wengine. Kila moja na wazimu wake. Nikizifanya ziende vizuri kuliko safu zote, wakubwa wataona kwamba bila Vernon Tuttle hakuna safu ya nne. Watatuacha hapa, mimi na shangazi zangu. Kakiwanda kadogo, lakini kenye bima.

Jumanne, 3 Oktoba

Nimefika kabla ya mlinzi. Nimesafisha sindano moja moja, mamia kwa mamia. Nimepaka mafuta mpaka yasipohitajika.

Dwight alinikuta hapo na kikombe chake cha kahawa. Dwight Scoggins ni fundi wa safu ya tatu, na kwa bahati mbaya ni kaka yake Loretta. Aliuliza kama nawaandaa hao shangazi kwa harusi. Nikamwambia ngoja tu, utaona. Akasema yeye ameshaandika jina kiwanda cha kuku, bado wanataka watu, nami niende. Kuku! Mimi niende kunyonyoa kuku! Nikamwambia shemeji, wewe shida yako hujawahi kufikiri makubwa. Akajibu kwamba kuku wana bima. Nikajifanya sikusikia.

Alhamisi, 5 Oktoba

Siku mbili, hakuna soksi hata moja mbovu safu ya nne. Hata moja!

Mchana Pruitt alikuja na bwana mmoja wa makao makuu, shati jeupe, mkononi stika nyekundu. Wakasimama kwenye safu yangu robo saa nzima. Bwana yule akauliza ni safu ipi bora hapa kiwandani. Pruitt akaninyooshea kidole mimi. Nikatoa kifua. Yule bwana akabandika stika kwa Opal. Akabandika kwa Maybelle. Akabandika zote kumi na mbili. Nikampa mkono na kumshukuru, tena kwa sauti, ili Dwight asikie.

Walipogeuka nikamwuliza Pruitt stika nyekundu maana yake nini. Akajikuna shingo. Zenye stika zinasafirishwa kwanza, tarehe kumi na sita, akasema. Nzuri zinatangulia, mbovu zitauzwa chuma chakavu huko mwishoni.

Kwa hiyo safu ya Dwight, inayotafuna uzi tangu tukiwa vijana, itabaki hapa mpaka Desemba, na Dwight pamoja nayo. Mimi nimebakiwa na siku kumi na moja. Nimezing'arisha kwa mikono yangu mwenyewe zipate kuondoka mapema. Nilimsubiri Dwight acheke. Hakucheka, akanisogezea kiti. Hiyo ndiyo iliyoniuma zaidi.

Jumatatu, 9 Oktoba

Wahonduras wamefika, watu sita. Masharti tulipewa tangu wiki iliyopita: kila fundi amfundishe mmoja wao mpaka Ijumaa. Ijumaa kuna mtihani. Mwanafunzi akifaulu, mwalimu anaongezewa bima miezi minne. Akishindwa, hakuna kitu.

Jana usiku Loretta alizima televisheni ili nimsikie. Akasema, Vernon, mfundishe huyo mtu. Mfundishe vizuri. Usiniletee akili zako. Nikasema sawa mama. Na niliposema sawa nilimaanisha, kabisa, mpaka nilipofika maegesho ya kiwanda na kuzima gari.

Hapo ndipo mpango wa pili uliponijia. Nitamfundisha, lakini si yote. Afaulu Ijumaa kwa Opal, ambaye mtoto mdogo anaweza kumwendesha, na mtihani siku zote hufanyika kwa Opal kwa sababu yuko karibu na mlango. Akifika kwao na kumkuta Eunice, ashindwe. Soksi zitoke visigino vimetoboka. Wiki ya pili wakubwa watanipigia simu, Bwana Tuttle, tuokoe! Nami nitawapa masharti yangu.

Nilitegemea kijana jeuri, ili iwe rahisi. Nimeletewa mama wa makamo anayeitwa Suyapa Banegas. Amevaa sweta mbili, anasema Alabama ni barafu tupu. Ana kovu la sindano kwenye kidole gumba, pale pale nilipo na langu. Kiingereza chake si kingi lakini kinamfikisha. Aliona chaki akauliza, Bwana Vernon, hawa ni kina nani? Nikasema ni alama za kiufundi.

Jumatano, 11 Oktoba

Eunice ana siri moja. Chini ya kishikio chake cha uzi huwa kuna kipande cha kadibodi kilichokunjwa mara mbili. Bila hicho, anatoboa kisigino. Nilikitoa asubuhi kabla Suyapa hajaja, nikakitia mfukoni. Kisha nikamfundisha akaze skrubu nusu mzunguko kushoto. Ni kulia. Akaandika kila neno, mwandiko mzuri kama wa mwalimu wa shule. Nikaona haya kidogo, zikapita.

Loretta alimtumia mgeni pai ya njugu za pekani ndani ya boksi. Sikumwomba atume! Tulikula mimi na Suyapa tumekaa kwenye makasha. Yeye alikula nusu, nusu akawafungia wenzake.

Akanisimulia. Miaka tisa alikuwa fundi kiwanda cha mashati, kwao. Kikahamishiwa nchi nyingine, mbali, na watu wakaletwa awafundishe. Nikamwuliza, sasa wewe uliwafundishaje? Vizuri, akasema. Yote? Yote. Nikamwambia lakini mama, walikuwa wanakula kazi yako! Akasema yule msichana aliyepewa yeye alikuwa ameacha kwao mtoto wa miezi mitano. Kila adhuhuri maziwa yanamjaa, anaenda chooni kuyakamua na kuyamwaga, anarudi macho mekundu, anashika bisibisi. Ningemdanganya vipi mtu kama huyo, akasema.

Pai ilinishinda. Nilikuwa na hasira na sijui nilikuwa na hasira na nani. Nikatia mkono mfukoni nikakishika kile kipande cha kadibodi. Nilitaka kukitoa, naapa. Halafu nikaiwaza ile simu ya wakubwa, nikakiacha.

Ijumaa, 13 Oktoba

Bwana wa stika aliingia kwa mlango wa nyuma. Mlango wa nyuma! Miaka ishirini na sita hakuna mkubwa aliyepita kule. Aliyekuwa karibu naye si Opal. Alikuwa Eunice.

Akasema, anza hapa.

Sikuona mashine tena, niliona chupa za dawa za Loretta zimepangwa kwenye mlango wa friji. Nikaanza kukohoa nikielekeza macho upande wa kulia. Nikakohoa mpaka Pruitt akaniletea maji. Nikamnong'oneza Suyapa: kulia. Bwana wa stika akasema mwalimu asogee hatua tano nyuma. Nikasogea. Nikamwomba Mungu, nami si mtu wa kumsumbua siku za kazi.

Suyapa hakunitazama. Akakaza skrubu nusu mzunguko, kulia. Akatia mkono kwenye sweta, akatoa kipande cha boksi la pai, kimekunjwa mara mbili, bado kina doa la siagi. Akakichomeka chini ya kishikio. Akawasha. Kisigino kikatoka kizima, kimenyooka. Kikatoka cha pili, cha tatu. Bwana yule akatia sahihi karatasi mbili, ya Suyapa na yangu.

Nilimfuata Suyapa nje. Nikamwuliza amejuaje. Akasema siku ya Jumatano aliona mahali pasipo na vumbi, pana umbo la kadibodi. Na skrubu ina mikwaruzo upande wa kulia tu. Mafundi wote ni waongo, Bwana Vernon, akasema, hata mimi daftari langu huwa nalifungia. Nikamwuliza basi mbona hakunisema kwa Pruitt. Akaniambia Dwight alimweleza habari za Bi Loretta. Tena mimi nikishindwa narudi kwetu bila kazi, akasema, nina watu wanne mezani. Ulikuwa unatuua wote wawili kwa kadibodi!

Nilikosa pa kuweka uso. Nikafungua sanduku langu la vifaa nikampa daftari langu la vipimo, la miaka yote. Sijawahi kumpa mtu. Machozi yalimtoka, nami nikatazama kando. Namba ya simu ya nyumbani nimeiandika kwenye jalada.

Nimempa lote isipokuwa ukurasa wa Eunice. Huo nilikuwa nimeshauchana. Lazima mtu awe na akiba.

Jumatatu, 16 Oktoba

Wamewapakia shangazi zangu. Lori mbili. Opal alitoka wa kwanza, amefungwa nailoni. Sakafuni pamebaki alama kumi na mbili za mafuta. Nilisimama hapo nikiwa na bisibisi mkononi bila kitu cha kukaza. Dwight akaja akanishika bega, nikalia mbele ya watu. Dwight akawatangazia kwamba pamba imeniingia machoni. Kumbe shemeji ana utu. Halafu akaniambia tena habari za kuku, akaharibu.

Jumapili, 28 Januari 2007

Dwight amepanda cheo huko kwa kuku. Ananuka, lakini ana kadi ya bima na anaitoa mfukoni bila kuulizwa.

Yetu inaisha tarehe kumi na sita Februari. Wiki iliyopita nimegundua Loretta anajidunga nusu dozi, ili chupa zifike Machi. Nilimfokea. Yeye akanifokea zaidi, akasema wewe ulifikiri zinaongezeka zenyewe? Sikulala. Miguu yake imeanza kuvimba, na nikiitazama anaifunika na blanketi.

Hospitali ya wilaya walitaka fundi wa mashine za kufulia shuka. Bima kuanzia siku ya kwanza. Walinipigia wenyewe, Dwight ndiye aliyewapa jina langu. Ijumaa nimewajibu hapana. Loretta bado sijamwambia. Siwezi kujifunga na mashuka wakati Eunice yuko Honduras bila ukurasa wake! Siku yoyote wakubwa watapiga. Nimekaa karibu na simu tangu Novemba, na huu ndio wakati wa kukaza roho.

Na leo baada ya kanisa imelia! Honduras! Nikapokea nimesimama. Alikuwa Suyapa. Mashine zote zinaenda vizuri, akasema. Nikamwuliza Eunice je? Eunice anaenda vizuri kuliko zote. Nimemwelewa, fundi hawezi kukiri kwenye simu.

Halafu sauti ikamshuka. Wametangaziwa kwamba mwezi wa tatu wanaletewa wageni kutoka nchi nyingine, watu sita, wa kujifunza kazi. Yeye amepewa mmoja. Hajui atafanyaje. Alisema hana wa kumwambia huko, ndiyo maana amenipigia mimi.

Nimefurahi mno! Nikamwambia mama, umepiga pazuri. Nikampa mpango wangu wote, hatua kwa hatua: toa kadibodi mapema, sema kushoto badala ya kulia, na kabla hujampa daftari, chana ukurasa. Nikamwambia usimwonee huruma, huo ndio ulinzi pekee wa mfanyakazi. Nikarudia habari ya skrubu mara mbili ili asisahau.

Akaniuliza Bi Loretta anaendeleaje. Nikasema hajambo kabisa.

Alinyamaza muda mrefu sana. Nadhani alikuwa anaandika.